Chini ya Mstari

Mwalimu Tibasima alichora mstari mlalo ubaoni,
mrefu kama upeo wa ziwa ukisimama Igombe,
juu yake akaandika namba, chini akaacha pengo.
"Cha juu ni kiasi," akasema. "Cha chini ni asili.
Leo asili imepotea. Itafuteni."

Tulibishana kwanza juu ya jina.
Kitabu kiliiita eksi,
herufi isiyomo katika alfabeti tuliyoikariri darasa la kwanza,
na Ng'walu, kutoka dawati la nyuma kabisa, akauliza
kama kitu kisichojulikana lazima kiwe pia mgeni.
Mwalimu akacheka. Tukakubaliana: w. W ya watu.

Msiivamie, alisema. Imekaa chini, imebebeshwa;
ukiivuta peke yake, mstari utakuangukia.
Zidisha pande zote mbili kwa w hiyo hiyo,
itapanda yenyewe, ikae kwenye mwanga.
Kisha gawanya. Kisha rudi uhakiki.
Na asili haiwi sifuri kamwe:
huwezi kugawa samaki kwa watu ambao hawapo.

Hilo la mwisho nililipigia mstari kwa rula.

Wiki hiyo mbalamwezi ilikuwa imekomaa,
mitumbwi ya dagaa imelazwa mchangani,
wavuvi wanapiga hesabu ya giza zima.
Mafuta yametolewa, nyavu zimetolewa,
fungu la tajiri limetolewa.
Ikabaki laki tatu na sitini.
Kila mmoja akapokea elfu sitini,
na karani Mugeta akafunga daftari kwa ukanda wa tyubu ya baiskeli.

Nikatua beseni langu la mihogo.
Nikachuchumaa, nikaandika mchangani kwa mwiba wa sangara:
mia tatu na sitini, mstari, w,
sawa na sitini.
Nikazidisha. W ikapanda.
Nikagawanya.
Sita.

Nikawahesabu: Bwire, Masatu,
Kulwa na Doto wake, na kijana wa Ukara.
Watano.
Nikahesabu tena, safari hii kwa sauti,
sauti ya mtoto aliyezoea kupata vema.

Mugeta hakunijibu. Alinitazama
kama mtu aonaye karabai ikizimika mbali majini.
"Sita?" wakaulizana wale.
Daftari likafunguliwa.

Giza lililofuata waligawa kwa tano.
Bahasha ya kaki haikuja nyumbani.

Mama alifagia kizingiti mara mbili,
akainjika sufuria ya maji, akaiepua.
Hakuniambia lolote. Nilijiambia mwenyewe,
nikitazama koti la baba msumarini,
miaka mitatu tangu ziwa limchukue,
na muda wote huo alikuwamo mtumbwini,
chini ya mstari,
akihesabiwa.

Jibu langu lilikuwa sahihi. Nimelihakiki mara nyingi:
kwa sita, sitini;
kwa tano, sabini na mbili.

Usiku wa tatu Bwire alibisha hodi. Hakuketi.
Aliacha elfu kumi na mbili ndani ya mfuko wa rambo,
noti zinanuka dagaa,
akasema ziada ile imemkaa kooni.
Wale wanne sikuwaona.

Siku hizi chaki ninayo mimi, Igombe hiyo hiyo.
Tukifika kwenye kisichojulikana kilichokaa chini
nawaambia: zidisheni, kipandisheni, gawanyeni, hakikini.
Asili haiwi sifuri, nawaambia hilo pia,
ila sababu yake naitoa kwa maembe, kwa penseli,
kwa chochote kisichopanda mtumbwi.
Kengele ikilia nafuta ubao taratibu,
na zipo siku mkono unaizunguka ile w,
unaiacha.